Waaymara, Watu Wanaolipa Kazi kwa Kazi

Katika Amerika ya Kusini kuna safu ya milima mirefu iitwayo Andes. Mahali fulani safu hiyo hugawanyika kuwa mbili, na katikati yake kuna uwanda mpana ulio juu kuliko vilele vya milima mingi ya dunia. Uwanda huo huitwa Altiplano, maana yake uwanda wa juu. Humo limo ziwa kubwa, jina lake Titicaca, na uso wa maji yake uko mita 3,812 juu ya bahari. Kando ya ziwa hilo, na katika nchi yote inayolizunguka, wanakaa Waaymara. Hukadiriwa kuwa karibu milioni 2. Walio wengi wako Bolivia, wengine wako kusini mwa Peru, na wachache kaskazini mwa Chile.

Nchi hiyo haimpokei mgeni kwa upole. Hewa yake ni nyepesi. Mtu atokaye mabondeni akipanda kilima kidogo tu, hupumua kama aliyekimbia, na kichwa humwuma. Mchana jua huunguza ngozi. Usiku, hasa katika miezi ya Juni na Julai, baridi hushuka kwa nguvu hata maji ya mtungini yakaganda na kuwa magumu kama jiwe. Mvua hunyesha miezi michache tu, kwa kawaida kati ya Desemba na Machi. Miti ni haba, kwa hiyo watu hukusanya mavi makavu ya wanyama wakayafanya kuni. Mihogo haioti huko, ndizi haziwezi kuishi, na mahindi hukubali tu mahali pachache karibu na ziwa, ambapo maji hupunguza ukali wa baridi.

Basi watu wanaishije mahali kama hapo? Maarifa yao ni mengi, lakini mawili yanayapita mengine yote. La kwanza, wameifanya baridi kuwa mtumishi wao. La pili, hawamwachi jirani alime peke yake.

Viazi na baridi

Kuna viazi ambavyo watu wengi wa Afrika huviita viazi vya kizungu au viazi ulaya, kana kwamba Wazungu ndio waliovipanda kwanza. Sivyo. Viazi hivyo vimetoka katika milima ya Andes. Wenyeji wa pande za Titicaca walivilima maelfu ya miaka kabla Mzungu yeyote hajaviona, na Wahispania ndio waliovipeleka Ulaya katika karne ya 16.

Mkulima wa Kiaymara hapandi aina moja. Katika shamba lake dogo huchanganya viazi vyekundu, vyeusi, vya manjano, virefu na vya mviringo. Anajua kwamba mwaka huu baridi itaua aina hii, na mwaka kesho wadudu watakula ile, lakini hazitakufa zote pamoja. Ziko pia aina chungu zenye sumu, na hizo ndizo zinazovumilia baridi kuliko zote. Watu wengine wangezitupa. Waaymara walipata njia ya kuziondolea sumu yake, na njia hiyo inastahili kuelezwa vizuri.

Mavuno yakiisha, mnamo mwezi wa Juni, jamaa yote huenda mahali tambarare penye majani mafupi, wakavitandaza viazi chini. Usiku baridi huvigandisha. Asubuhi jua huviyeyusha, na maji yaliyomo ndani huanza kutoka. Hufanya hivyo siku tatu nne mfululizo. Halafu huvikusanya mafungu mafungu, wakavikanyaga kwa miguu mitupu, polepole, wakigeuka huku na huku karibu kama wachezao ngoma, mpaka maji yamwagike na maganda yavuke. Kazi hiyo huanza mapema, na nyayo huuma sana kwa baridi. Hakuna aifanyaye kwa kujifurahisha. Kisha viazi huanikwa siku nyingi, mpaka viwe vyeusi, vikavu na vyepesi kama kizibo cha chupa. Chakula hicho huitwa chunyo. Iko na aina nyeupe, iitwayo tunta: viazi vilivyokwisha kuganda hulazwa kwanza katika maji ya mto kwa wiki kadhaa, maji yakachukua uchungu na sumu, ndipo huanikwa.

Chunyo haiozi. Ikiwekwa mahali pakavu hudumu miaka mingi, hata kumi. Mvua ikikataa, au jalidi ikiangukia mimea ikiwa michanga, nyumba yenye magunia ya chunyo hukaa na kungoja mwaka mwingine. Kusema kweli, ladha yake haimpendezi mgeni siku ya kwanza. Ina harufu ya udongo. Lakini ndani ya supu, pamoja na kipande cha nyama iliyokaushwa kwa chumvi, jua na baridi ileile, humshibisha mtu aliyelima tangu alfajiri.

Mifugo yao ya asili ni lama na alpaka. Lama ni wa jamii ya ngamia, ila hana nundu. Hubeba kilo 25 au 30, na mzigo ukizidi hulala chini akakataa kuondoka, wala fimbo haimsaidii mwenye haraka. Zamani misafara ya lama ilishuka na chumvi na chunyo mpaka mabonde yenye joto, ikarudi na mahindi na majani ya koka. Siku hizi malori yamechukua sehemu kubwa ya kazi hiyo. Alpaka hufugwa kwa ajili ya sufu. Wanawake huisokota wakitembea, wakichunga, hata wakizungumza sokoni, na kwa nyuzi hizo hufuma kitambaa cha mistari ambacho mama humbebea mtoto mgongoni.

Deni la ayni

Wanalo neno fupi linalobeba maisha yao: ayni. Mtu akija siku moja kumsaidia jirani kupanda viazi, jirani huyo ana deni la siku moja ya kupanda viazi. Halilipwi kwa fedha wala kwa maneno ya shukrani. Hulipwa kwa mikono, siku ambayo yule wa kwanza atahitaji. Aliyekuja na ng'ombe wawili wa kulima, hurudishiwa ng'ombe wawili. Vivyo hivyo katika kuezeka nyumba. Kuta za matofali ya udongo mtu aweza kuzisimamisha polepole pamoja na wanawe, lakini paa huhitaji mikono mingi kwa siku moja. Ndugu, majirani na wazazi wa ubatizo hufika, huyu na miti, yule na majani, yule na kamba, na jioni kuna chakula, muziki na paa jipya. Nani alikuja na nani hakuja, mama wa nyumba hulikumbuka bila kuandika. Katika sikukuu kubwa vitu ni vingi mno, kwa hiyo wengi huandika katika daftari: fulani alileta kondoo, fulani alilipa wapiga tarumbeta. Siku ya sikukuu yake, vitamrudia.

Wageni wengi wamesifu ayni kana kwamba ni sadaka. Si sadaka. Ni deni, nalo ni kali; asiyelirudisha haitwi tena, na mtu asiyeitwa katika nchi ile ameanza kufa. Kwa mjane au mzee asiyeweza kurudisha kazi iko njia nyingine, iitwayo mink'a: huwaita watu, wakamfanyia kazi, naye huwapa chakula au sehemu ya mavuno. Kwa njia hiyo hata aliye dhaifu hulimiwa, bila kuonekana kuwa mwombaji.

Lakini mambo haya yana ubaya wake pia. Katika sikukuu za watakatifu wa kijiji, mtu mmoja huchaguliwa kugharimia ngoma, chakula na pombe, naye huweza kumaliza kwa siku tatu akiba ya miaka mitatu. Pombe humwagika kupita kiasi, na nyumba nyingi zimelia kwa sababu hiyo. Waaymara wenyewe wanalisema jambo hili bila kuficha.

Namna ya kuwa mtu

Kwa Kiaymara mtu huitwa jaqi. Na kuoa au kuolewa huitwa jaqichasiña, yaani kujifanya mtu. Kijana asiyeoa, hata akiwa na nguvu na akili, hajahesabiwa bado kuwa mtu kamili katika mkutano wa kijiji. Akiisha kuoa, yeye na mkewe huanza njia ndefu ya kutumikia jumuiya yao, wakipanda kutoka kazi ndogo mpaka kubwa. Vyeo havipiganiwi, huzunguka kwa zamu kutoka nyumba hadi nyumba. Mkuu wa kijiji, aitwaye jilaqata, hutumikia mwaka mmoja. Huvaa poncho na kubeba mjeledi, alama ya mamlaka yake, na mkewe huketi kando yake akiwa na mavazi ya cheo chake mwenyewe, kwa maana cheo ni cha wote wawili. Mwaka ukiisha, mara nyingi wamekuwa maskini kuliko walivyoanza, kwa kuwa gharama za wageni na sikukuu zimetoka mfukoni mwao. Hapo ndipo huheshimiwa.

Mtoto naye huingizwa mapema katika mambo haya. Nywele zake huachwa zikue mpaka siku ya kukatwa mara ya kwanza, akiwa na miaka michache. Mzazi wa ubatizo hukata kishungi cha kwanza, na wengine hufuata mmoja mmoja, kila mmoja akiweka fedha au akiahidi kondoo au lama. Mtoto ambaye hajajua hata kuchunga, jioni ile tayari ana mifugo yake.

Hata muziki wao unafundisha vivyo hivyo. Wanapiga filimbi za matete zilizofungwa pamoja, ziitwazo siku. Filimbi hizo huja mbili mbili: ya kwanza ina nusu ya sauti, ya pili ina nusu iliyobaki. Mpigaji mmoja hupuliza, mwenzake hujibu, na wimbo hutokea kati yao. Mpigaji hodari kuliko wote, akiachwa peke yake na nusu yake, hawezi kuutoa wimbo mzima.

Lugha na imani

Wamisionari wakatoliki walifika pamoja na Wahispania katika karne ya 16, na jambo hilo lenyewe lilileta shida, kwani Habari Njema ilishuka katika merikebu moja na upanga. Baadhi ya wamisionari waliteketeza vitu vya mila bila kuuliza maana yake. Wengine walikaa chini wakajifunza. Mmoja wao ni Padri Ludovico Bertonio, Mwitalia wa Shirika la Yesu, aliyefanya kazi katika mji wa Juli, karibu na ziwa. Mwaka 1612 kamusi yake kubwa ya Kiaymara ilichapwa, na mpaka leo wataalamu wanaitumia.

Lugha aliyojifunza ina mambo ya kushangaza. Neno nayra maana yake ni jicho, tena ni mbele, tena ni zamani. Neno qhipa ni nyuma, tena ni wakati ujao. Kwa Mwaymara mambo yaliyopita yako mbele ya macho, kwa sababu yamekwisha kuonekana. Mambo yajayo yako mgongoni, kwa sababu hakuna aliyeyaona. Tena msemaji hawezi kutaja habari bila kuonyesha, katika umbo la neno lenyewe, kama aliiona kwa macho yake au aliisikia kwa wengine. Anayesimulia jambo la mbali kana kwamba alikuwako, huonekana mwongo au mpumbavu. Kwa mwalimu wa dini hilo si jambo dogo, maana yampasa kuwaambia watu wa namna hiyo habari ambazo yeye mwenyewe amezipokea kwa mashahidi.

Katika mji wa Copacabana, ufukoni mwa Titicaca, kuna sanamu ya Bikira Maria inayotembelewa na mahujaji wengi. Haikuletwa kutoka Hispania. Aliichonga mwenyeji wa mahali pale, Francisco Tito Yupanqui, aliyechekwa mwanzoni kwa sababu kazi yake ya kwanza ilikuwa mbaya. Alikwenda Potosí kujifunza uchongaji, na mwaka 1583 sanamu yake iliwekwa kanisani. Ufuko mashuhuri wa Copacabana katika mji wa Rio de Janeiro, nchini Brazili, ulipata jina lake kutoka hapo.

Mila za kale hazikufutika. Kabla ya kunywa, wengi humwaga matone ya kwanza chini kwa ajili ya Pachamama, yaani Mama Dunia, na mwezi wa Agosti humpa sadaka kabla ya kupanda. Vilele vya milima huitwa achachila, yaani mababu. Tarehe 1 na 2 Novemba huandaa meza kwa ajili ya marehemu, yenye matunda na mikate iliyofanywa kwa umbo la watoto, nao majirani huja kuwaombea na kupewa mikate hiyo. Mapadri na makatekista wa Kiaymara wameongea sana juu ya mambo haya: ni shukrani gani impasayo Muumba peke yake, na ni heshima gani yaweza kupewa ardhi iliyo kazi ya mikono yake. Hawajapatana katika yote.

Ardhi iliyochukuliwa, na shule ya Warisata

Yote yaliyosemwa yanasimama juu ya ardhi. Mtu asiye na shamba hana siku ya kumwita jirani, wala hana cha kurudisha.

Mwaka 1545 madini ya fedha yalionekana katika mlima wa Potosí. Tangu miaka ya 1570 serikali ya Wahispania ilivilazimisha vijiji vya uwanda wa juu kutoa kila mwaka mtu mmoja katika kila wanaume saba, aende kuchimba. Wengi hawakurudi, na mashamba yao yalibaki bila mikono. Mwaka 1781 Mwaymara mmoja, Julián Apaza, aliyejiita Túpac Katari, pamoja na mkewe Bartolina Sisa, waliuzingira mji wa La Paz kwa miezi kadhaa. Walishindwa. Yeye aliuawa kikatili huko Peñas mwezi wa Novemba 1781, na mkewe aliuawa tarehe 5 Septemba mwaka uliofuata.

Bolivia ilipata uhuru mwaka 1825, lakini uhuru huo haukufika vijijini. Sheria ya mwaka 1874 ilikataa umiliki wa pamoja: shamba la jumuiya ligawanywe, kila kipande kiwe mali ya mtu mmoja, na hivyo kiweze kuuzwa. Ujanja, deni na bunduki vilifanya yaliyobaki, na mashamba mengi yakaingia mikononi mwa matajiri wachache. Waaymara wakawa watu wa kulima shamba la bwana bila mshahara, na kwa zamu kwenda kutumika nyumbani kwake mjini. Mtumishi huyo aliitwa pongo. Wako mabwana waliompangisha pongo wao kwa mtu mwingine, kama mtu apangishavyo punda. Hapo ayni ilipinduliwa: kazi ilitolewa, lakini haikurudi kamwe.

Mabwana hao walichukia shule, kwa maana mtu asiyesoma hawezi kusoma hati ya shamba lake. Hata hivyo huko Warisata, mahali pa baridi chini ya mlima wa theluji, Mwaymara aitwaye Avelino Siñani alikuwa akiwafundisha watoto kusoma nyumbani mwake, bila msaada wa mtu. Tarehe 2 Agosti 1931 yeye na mwalimu Elizardo Pérez walianzisha shule hapo. Fedha ya serikali ilikuwa kidogo. Watu walitoa kiwanja, wakapiga matofali, wakabeba mawe, kila jumuiya kwa zamu yake, kama waezekavyo nyumba. Baraza la wazee liliiongoza shule, na wanafunzi walisoma, wakafuma, wakalima. Habari zake zilivuka mipaka ya nchi. Lakini maadui walikuwa na nguvu. Mnamo 1940 kazi hiyo ilivunjwa na wenye mamlaka, na Siñani alifariki mwaka 1941.

Mbegu ilikwisha kupandwa. Mapinduzi ya mwaka 1952 yaliangusha utawala wa mabwana wa mashamba na wa migodi, na tarehe 2 Agosti 1953, siku ileile ya Warisata, serikali ya Bolivia ilitoa amri ya kuwarudishia wakulima ardhi. Kazi ya pongo ilikomeshwa. Katika Peru amri ya namna hiyo ilitoka mwaka 1969. Mwaka 1955 wamisionari wa Maryknoll walianzisha Redio San Gabriel, inayosema Kiaymara, katika Peñas, palepale alipouawa Túpac Katari. Mwaka 2006 Evo Morales, Mwaymara aliyechunga lama utotoni, akawa rais wa Bolivia, akatawala mpaka 2019. Katiba ya mwaka 2009 iliitambua lugha yao kuwa lugha rasmi pamoja na nyingine nyingi, na sheria ya elimu ya mwaka 2010 inabeba majina ya Siñani na Pérez.

Shida hazijaisha. Mashamba yaliyorudishwa yamegawanywa kati ya watoto na wajukuu mpaka mengine yamekuwa vipande vyembamba kama mikeka. Barafu ya mlima wa Chacaltaya, karibu na La Paz, iliyeyuka yote kufikia mwaka 2009, na maji ya Titicaca yalishuka sana mwaka 2023. Wakulima wanaiangalia hali ya hewa kwa wasiwasi. Usiku wa Juni usipokuwa na baridi ya kutosha, viazi vilivyotandazwa huoza badala ya kuganda. Vijana wengi wamehamia El Alto, mji ulio juu ya La Paz, wenye watu zaidi ya 800,000, na watoto wanaozaliwa huko mara nyingi huongea Kihispania tu.

Hata hivyo katika El Alto mitaa mingi ilijengwa na wakaaji wenyewe, waliochimba mitaro ya maji kwa zamu, nyumba kwa nyumba. Majira ya baridi yakifika, wengi wao hupanda basi kurudi kijijini kwa ndugu, wakavua viatu, wakakanyaga viazi pamoja nao, kisha hurudi mjini na gunia lao la chunyo.